Shibe, Kifaranga wa Kwenye Simu

Kila Jumapili, tukishamaliza kufua na kuanika, dada yangu alikuwa ananisuka. Mimi nilikaa chini juu ya mto, yeye kwenye kiti cha plastiki, kitana amekibana kwa meno. Dada ni msusi. Wiki nzima alisuka vichwa vya watu kwenye saluni ya mama mmoja, lakini Jumapili saa nane ilikuwa yangu. Hapo ndipo nilipomwaga mambo yangu yote ya shule: nani kanuniana na nani, nani kajificha chooni wakati wa hesabu, mwalimu gani kavaa soksi mbili tofauti. Dada alicheka, akaniuliza maswali, na nikisogea alinigonga kwa kitana. Nyumbani wananiita Kitinda, kwa kuwa mimi ni kitindamimba, na nakiri mapema kwamba nilizoea kudekezwa.

Kisha Mbio akarudi.

Mbio si jina lake la kwenye cheti. Dada alimpa jina hilo utotoni kwa sababu hajui kutembea. Hata akitumwa chumvi nyumba ya pili anakimbia. Walikua pamoja chumba kwa chumba katika nyumba ya kupanga, mpaka wazazi wa Mbio walipohamia mji mwingine. Sasa alikuwa amerudi, naye pia ni msusi, na wawili hao walikuwa wamepata chumba kando ya barabara, jirani na duka la dawa, ili wafungue saluni yao wenyewe. Kuta zilikuwa zimebabuka na mlango ulifungwa kwa kusukumwa na bega, lakini ukiwasikia wakikisimulia chumba hicho ungedhani ni hoteli ya watalii.

Jumapili ya kwanza baada ya Mbio kurudi, nilisukwa saa kumi na mbili jioni. Jumapili ya pili nilisukwa mistari minne minene kama mtoto wa chekechea, harakaharaka, kwa sababu Mbio alikuwa anamsubiri Dada mlangoni. Nilianza kisa cha soksi za mwalimu, Dada akasema, "Utanimalizia kesho." Kesho hakuniuliza.

Hayo yote ningeyavumilia. Kilichonishinda ni kifaranga.

Walikuwa wanapekua kabati la Mama wakitafuta kioo kikubwa cha kupeleka saluni. Kioo hawakukipata. Walipata simu ya zamani, imeviringishwa ndani ya soksi. Ilikuwa miongoni mwa zile simu za mwanzo za kugusa kioo, nene, ina ufa kwenye kona. Mama aliinunua mimi nikiwa bado tumboni. Mbio alikimbia kwa fundi simu, akarudi na chaja ya kuazima. Wakasubiri wameinama juu ya meza bila kupumua, mpaka kioo kikawaka.

"Yupo!" Dada alipiga kelele.

"Shibe! Shibe wangu!" Mbio alidakia, na hapo wakaanza kurukaruka wamekumbatiana, watu wazima wenye miaka ishirini na mitatu.

Nilisogea nikachungulia. Ndani ya simu kulikuwa na kiota, na ndani ya kiota kifaranga wa njano mwenye kichwa kikubwa kuliko mwili. Ukimgusa tumbo, alitikisa mabawa. Ukimpa punje, alimeza kisha akacheua. Walimfuga walipokuwa na miaka kumi na mmoja, Dada akimlisha asubuhi na Mbio jioni, na walimwita Shibe kwa kuwa hakushiba kamwe.

"Huyu ndiye mnampigia kelele?" niliuliza.

"Wewe huwezi kuelewa," Mbio alisema, akipangusa macho. "Tulikuwa tunafua soksi za mama yako ili atuachie simu dakika kumi."

Nilinyoosha mkono nibonyeze alama ya saa, maana niliona simu inaonyesha mwaka wa zamani kabisa. Wote wawili walinidaka mkono kwa pamoja.

"Usiguse tarehe!" Dada alisema. "Huyu anahesabu siku kwa tarehe ya simu. Simu ilipokaa bila chaji, tarehe ilirudi nyuma mpaka mwaka iliotengenezwa. Ndiyo maana yu hai. Hajui kwamba miaka imepita. Tukiweka tarehe ya leo atajua kwamba hajala miaka kumi na moja."

"Halafu?"

"Halafu anaondoka. Kiota kinabaki kitupu, na harudi tena."

"Siku moja nitaiweka tu tarehe ya leo, nimwone atafanya nini," Mbio alitania.

"Thubutu!" Dada alimtishia kwa kitana, na wakavunjika mbavu.

Kuanzia hapo hakukuwa na mazungumzo mengine. Walirudia kugawana zamu, ila sasa kwa siku: siku moja simu inakaa kwa Dada, siku ya pili kwa Mbio. Dada ana simu nzuri ya kisasa, lakini aliiacha kitandani akabeba lile dude nene. Chakula cha jioni kilipoa kwa sababu ya Shibe. Nikisema jambo, Dada anaitikia "mm" huku kidole kikipapasa kifaranga.

Jioni moja walikuwa kwenye ngazi ya mlangoni wanakumbushana.

"Unakumbuka alivyougua?" Mbio aliuliza. "Akageuka bluu, tukampa dawa mara tano?"

"Nitasahauje? Ndiyo siku aliyozaliwa huyu," Dada alijibu, akaninyooshea kidole bila hata kunitazama. "Mama yuko hospitali, mimi nalia, watu wanadhani namlilia mtoto, kumbe namlilia Shibe!"

Walicheka mpaka Mbio akalala kwenye sakafu. Mimi niliingia ndani. Siku niliyokuja duniani, katika kumbukumbu za dada yangu mwenyewe, ilikuwa siku ya kuumwa kwa kifaranga. Roho iliniuma mpaka nikahisi joto masikioni. Nilimwonea wivu Mbio, nilimwonea wivu kifaranga, na niliuonea wivu hata utoto wao mzima, ambao mimi sikuwamo.

Jumatano asubuhi ilikuwa zamu ya Mbio kuichukua simu. Dada aliiacha mezani akaenda kuoga. Mama alikuwa ameshatoka kwenda kazini, kwenye kiwanda cha mikate. Baba ni dereva wa lori na wiki hiyo alikuwa safarini. Nilikuwa nimevaa sare, begi mgongoni, nilichobakiza ni kufunga mlango tu. Niliitazama simu, nikasikiliza maji yanavyomwagika bafuni, nikaishika.

Ilikuwa rahisi kuliko nilivyodhani. Niligusa saa, nikasogeza siku, mwezi na mwaka mpaka ikawa tarehe ya leo, nikaithibitisha. Sikumfungua kifaranga, sikutaka kumwona. Niliirudisha simu mahali pake, nikanyoosha kitambaa cha meza, nikaondoka. Njiani nilijiambia kwamba sijafanya baya. Simu ilikuwa inasema uongo, mimi nimeiambia ukweli. Ni kosa gani hilo?

Jioni Mbio alifika anahema, simu mkononi. "Shibe ameondoka," alisema. "Nilifungua mchana nimlishe, nikakuta kiota kitupu."

Dada aliipokea, akaitazama, akaikunjia uso. "Tarehe ni ya leo."

"Nimeiona. Nikajua umeiweka wewe kwa bahati mbaya."

"Mimi? Wewe ndiye uliyesema utaiweka."

"Nilikuwa natania!"

"Simu ilikuwa kwako tangu asubuhi, Mbio."

"Naapa sijaigusa tarehe."

Dada alinigeukia. Nilikuwa natwanga vitunguu saumu kwa bidii ambayo sikuwahi kuwa nayo. "Kitinda, wewe hujaishika hii simu?"

"Mimi? Nilikuwa shule," nilisema. Kwa sehemu kubwa ya siku jibu hilo lilikuwa la kweli.

Nilidhani wangenuna kidogo, kisha Dada aje kwangu. Sikujua kwamba ugomvi wa watu wawili wanaopendana hauna breki. Walianza na kifaranga, wakahamia kwenye vitambaa vya saluni ambavyo Mbio alisahau kuvinunua, wakafika kwenye barua ambazo hakujibu miaka ile alipohama.

"Kama unaweza kunikazia macho ukanidanganya kwa jambo dogo hivi," Dada alisema, "siku mteja akilalamika utaniambia nini? Nitafunguaje saluni na mtu wa namna hiyo?"

Mbio aliiweka simu mezani taratibu na akatoka. Nilichungulia dirishani. Kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu, nilimwona Mbio anatembea.

Nilishangilia moyoni. Nasema kweli, nilishangilia usiku huo wote na kesho yake.

Jumapili ilipofika, saa nane kamili Dada aliniita nisukwe. Mistari ilikuwa myembamba, imenyooka, ya kujivunia. Nilianza kumsimulia habari motomoto: mwanafunzi mwenzangu alikuwa amekaa juu ya keki ya mwalimu mkuu. Nilisimulia kwa mikono na kwa sauti. Dada alisema, "Mm." Sikuwa na mtu wa kulaumu, maana simu ilikuwa imerudishwa ndani ya soksi. Nilikuwa naye peke yangu chumbani, kama nilivyotaka, na yeye mwenyewe hakuwepo. Tone moja likaniangukia shingoni. Nilidhani ni mafuta ya nywele.

Alikuwa amefika nusu ya kichwa mlango ulipogongwa. Mbio alisimama kizingitini, amejifunga kilemba, ana vumbi la ukuta kwenye mikono.

"Nimekuja tuyamalize," alisema. "Ni mimi. Labda niliigusa bila kujua. Unajua nilivyo na papara. Nisamehe."

Kitana kilisimama juu ya kichwa changu. Mimi, mtu pekee aliyejua ukweli, nilikodolea macho vidole vya miguu yangu. Mbio alikuwa anajibebesha kosa langu, kwa hiari, ili ampate rafiki yake tu.

Lakini Dada hakulainika. "Jumatano uliapa hujaigusa. Leo unasema ni wewe. Sasa nimwamini Mbio yupi?"

"Yule anayetaka tufungue saluni."

"Kumbe kweli ulinidanganya." Sauti ya Dada ilikatika. "Chumba kichukue wewe. Mimi nitabaki pale nilipoajiriwa."

Mbio alitikisa kichwa na kuondoka. Kitana kilimlegea Dada mkononi. Nilimgeukia nikamwona uso umelowa, na ndipo nilipojua kwamba lile tone halikuwa mafuta. Alikuwa akiiwaza saluni ile tangu alipokuwa anasuka nywele za mahindi. Niliinuka nikasema naenda kwa Mama, nikatoka mbio na kichwa nusu: upande wa kulia nimesukwa kama bibi harusi, upande wa kushoto nywele zimesimama wima. Watu barabarani walinipisha.

Kiwandani, ambako Mama alikuwa na zamu Jumapili hiyo, hawaruhusu mtu kuingia bila kofia, kwa hiyo nilisimama mlangoni mpaka Mama aliponiona. Alikuja na unga mpaka viwikoni.

"Kuna nini? Nani amekufukuza?"

"Mama, kuweka tarehe ya kweli kwenye simu ni kosa?"

"Si kosa."

"Basi."

"Basi nini? Umekimbia na kichwa hicho barabara nzima kuja kuniuliza hilo?"

Hapo nikaangua kilio, nikamwambia yote, tangu mistari minne minene mpaka Mbio na vumbi lake. Mama alinisikiliza bila kunikatisha. Nilipomaliza alinifuta pua kwa kona ya aproni, akaniachia unga usoni.

"Sasa unataka nifanye nini?"

"Uwaambie, Mama. Wewe watakusikiliza."

"Tarehe niliiweka mimi?"

"Hapana."

"Basi sina la kuwaambia. Natoka saa kumi na moja, nitapita pale chumbani kwao. Nikifika nikute umeshasema." Akarudi kwenye unga wake.

Nilimkuta Dada amekaa palepale. Nilimwomba anifuate hadi kwenye chumba kile, nina neno kwake na kwa Mbio. Aliniambia nimwache. Nikamng'ang'ania mkono nikamvuta, na nadhani alikuja kwa kuchoka kubishana. Mbio alikuwa peke yake chumbani, anakwangua rangi ya zamani ukutani kwa kisu kisicho na makali. Walipoonana kila mmoja alitazama upande wake.

Nilikuwa nimejiandalia maneno mazuri njiani. Yalinipotea yote.

"Ni mimi niliyeweka tarehe," nilisema. "Jumatano, Dada akiwa bafuni. Mbio hajafanya kitu. Niliiweka makusudi ili Shibe aondoke."

Kisu cha Mbio kilisimama ukutani.

"Nilikuuliza," Dada alisema hatimaye. "Nilikuuliza, ukaniangalia usoni."

"Ndiyo."

"Nimemwita mwenzangu mwongo. Nimekataa saluni yangu. Kwa ajili yako!" Alipandisha sauti mpaka muuza dawa wa jirani akachungulia. "Toka nje kwanza. Toka, kabla sijasema nitakalolijutia."

Nilikaa kwenye ngazi, magoti kifuani. Ndani nilisikia Dada anaongea chinichini, kisha analia, kisha Mbio anaongea haraka haraka. Baadaye nikasikia wanacheka. Hata pale, nikiwa na machozi na unga usoni, nilihisi kijicho kikinichoma tena: wanacheka, na mimi simo.

Walitoka pamoja. Dada alikaa upande mmoja wa ngazi na Mbio upande wa pili.

"Sijakusamehe bado," Dada alisema. "Nitakusamehe, lakini si leo. Na kesho unaanza kukwangua ukuta huu na sisi, kila ukitoka shule, mpaka uishe."

"Sawa, Dada."

"Ila nieleze. Shibe alikukosea nini?"

"Mlimpenda kuliko mimi. Hata siku niliyozaliwa mnaikumbuka kwa sababu yake."

Dada alinigeukia. "Unajua tuliacha kumfuga kwa nini? Ulikuwa na miezi minane, umeanza kutambaa. Kila nikishika simu unakuja unaning'inia kwenye gauni, unalia nikubebe. Nikaona bora wewe. Mama alikuwa ameshanunua simu nyingine, basi hii nikaiviringisha kwenye soksi nikaificha, ili usiione ukalia. Soksi ile niliifunga mwenyewe."

Mbio alikohoa.

"Na kwa kuwa leo ni siku ya kusema," alisema, "mimi nilikasirika mwezi mzima. Nilikuwa nakuja kwenu jioni kwa zamu yangu, nakuta simu imefichwa, na huyu amekubeba mgongoni anakuimbia. Nikaacha kuja. Nilikuwa na kinyongo na mtoto asiye na meno."

"Kumbe ndiyo maana uliacha kuja?" Dada aliuliza kwa mshangao.

"Ningekuambiaje? Naona wivu na mtoto mchanga?"

Mama alikuwa ameshafika na tulikuwa hatujamwona. Alisimama mbele yetu na mkate chini ya kwapa, akatutazama wote watatu.

"Umeshasema?" aliniuliza.

"Nimesema, Mama."

"Vizuri. Sasa sikiliza, na ninyi wakubwa sikilizeni vilevile. Asubuhi ile uliiambia simu ukweli kwa sababu ulijua ukweli huo utaumiza. Jioni ulipoulizwa ukweli ambao ungewapatanisha, ukaumeza. Mtu mkweli haangalii ni ukweli upi una faida kwake. Na wivu usiuonee aibu, kila mtu humjia, mimi pia. Kosa ni kuuficha uanze kukufanyia kazi kisirisiri. Ungekuja siku ya kwanza ukamwambia, 'Dada, naona wivu,' yangekuwa maneno matatu tu. Angekusikia."

Alikata mkate kwa mkono, akatugawia. Bado ulikuwa na joto.

Nilitafuna, nikameza, nikajikaza. "Basi, Dada," nilisema, "naona wivu."

"Wa nini tena?"

"Mlivyokuwa mnacheka mle ndani bila mimi."

Dada alisogea kidogo, na Mbio naye akasogea, pakapatikana nafasi katikati yao.

"Tulikuwa tunakucheka wewe na kichwa chako hicho," Mbio alisema. "Njoo ukae hapa tukucheke mbele yako."

Nikaenda nikakaa.